Samaki wenu wana madoa meupe? Msiwatupe, na msigombane

Hebu leo tuzungumze ishu ambayo wenye matangi ya samaki wengi huikumbuka wakiwa wameshachelewa. Mmeoana, mmehamia kwenu, sofa zimeshafika, televisheni iko ukutani, na pale kwenye kona mmeweka tangi la samaki lenye taa ya bluu. Kila mgeni akiingia anasema, "Aisee, mko bomba." Halafu asubuhi moja mmoja wenu anainama kuwalisha, anaona samaki mmoja ana vidoadoa vyeupe kwenye mkia, kama mtu kamnyunyizia chumvi. Anadhani ni uchafu. Kesho yake wako watatu. Siku ya nne tangi zima limekuwa kama sahani ya chipsi zilizozidishwa chumvi, na nyumba nzima imenuna.

Ugonjwa huo una jina. Wauza samaki wetu mjini huuita waiti spoti, wengine wanasema iki. Sisi tuuite ugonjwa wa madoa meupe, inatosha. Ni kati ya magonjwa yanayowapata sana samaki wa maji baridi wanaofugwa majumbani, na kati ya yale yanayoua haraka kama hujui unachokifanya. Habari njema ni kwamba unatibika. Tena unatibika kwa vitu ambavyo vingine viko jikoni kwako sasa hivi. Mimi nafuga samaki miaka mingi, na marafiki wameshanifanya daktari wa matangi bila shahada, simu napigiwa mpaka saa nne usiku. Kwa hiyo leo naandika yote mara moja, mkate hiyo gharama ya vocha.

Mpangaji asiyelipa kodi

Kisayansi kimelea kinacholeta ugonjwa huu kinaitwa Ichthyophthirius multifiliis, jina kilichopewa na Fouquet mwaka 1876. Usijisumbue kulitamka, ulimi utateguka. Lakini maana yake inafaa kujua: sehemu ya kwanza imetoka kwenye Kigiriki, chawa wa samaki, na ya pili ni Kilatini, mwenye watoto wengi. Si chawa kweli. Ni kiumbe cha seli moja tu, kimezungukwa na vinyweleo vidogo mno ambavyo kinavitumia kama makasia.

Kile kidoa unachokiona si jipu wala si ukurutu. Ni kimelea chenyewe, kimejichimbia chini ya tabaka la juu la ngozi ya samaki, kinakula humo humo, kinanenepa, na ngozi ya samaki imekifunika kama shuka. Kikikomaa kinafikia kama milimita 1, ndiyo maana macho yako yanakiona bila darubini. Kikishiba kinatoboa, kinatoka, kinazama chini kwenye changarawe au kinanasa kwenye jani la mmea, kinajitengenezea ganda. Ndani ya ganda hilo kinagawanyika: viwili, vinne, vinane, kumi na sita, mpaka mamia. Wakati mwingine kimoja hutoa karibu 1,000. Ganda linapasuka, watoto wanatoka wakiogelea kumtafuta samaki. Wasipompata ndani ya siku mbili hivi, wanakufa. Wakimpata, wanaingia ngozini na mchezo unaanza upya.

Sasa sikiliza vizuri, maana hapa ndipo wengi wanapopigwa bao. Dawa haikifikii kimelea kilichoko chini ya ngozi. Kilichojifungia kwenye ganda nacho ni kigumu kukiua. Vinavyokufa kirahisi ni vile vitoto vinavyoogelea tu. Yaani unachokiona kwa macho hukiui, na unachokiua hukioni. Ukishaelewa sentensi hiyo, umeshaelewa tiba yote.

Kwa hiyo ukiweka dawa leo, kesho usitegemee madoa yapungue. Yanaweza hata kuongezeka, kwa sababu yale madogo yaliyokuwemo ngozini tayari sasa yanakua na kuonekana. Na kubwa kuliko yote: siku madoa yakitoweka ghafla, samaki wakawa safi wanang'aa, hiyo si sherehe. Vimelea vimeshuka chini kwenda kuzaa.

Kasi ya haya yote inategemea joto. Maji yakiwa kwenye nyuzi 25 hivi, mzunguko mzima unaisha ndani ya wiki moja au chini ya hapo. Maji yakiwa ya baridi sana, nyuzi 10, unachukua wiki kadhaa. Ndiyo maana huyu wa Dar es Salaam anaona samaki wake wanamalizika kwa siku chache, wakati mwenzake wa nchi za baridi mwenye bwawa nje anahangaika na ugonjwa ule ule msimu mzima.

Utawajuaje?

Usisubiri madoa. Samaki husema mapema, ila hana sauti. Kwanza anajikuna: anaogelea vizuri, mara anajibamiza ubavu kwenye jiwe, anachomoka kwa kasi. Mara moja si hoja, hata mimi mgongo huniwasha. Lakini mara tano ndani ya dakika kumi, hapo kuna jambo. Kisha utaona mapezi: anayabana mwilini, hayakunjui tena kwa maringo kama zamani. Chakula anakikimbilia halafu anakitema, au hasogei kabisa.

Dalili inayonitisha mimi kuliko zote ni pumzi. Mashavu yanapepea haraka haraka, samaki amejiweka juu kabisa au amekaa pale povu la pampu linapotokea. Hii ni kwa sababu kimelea kinapenda sana matamvua, na kule huwezi kuona kidoa. Samaki anaweza kufa matamvua yakiwa yamejaa huku ngozini ana vidoa viwili tu, ukabaki unajiuliza kilichomuua nini.

Kabla hujakimbilia dawa, hakikisha ndio wenyewe. Madoa ya ugonjwa huu yanalingana kama chembe za chumvi, yametawanyika mwilini na kwenye mapezi. Ukiona kitu kama pamba kimeota sehemu moja, hiyo ni kuvu. Ukiona vumbi laini la rangi ya dhahabu, linaonekana zaidi ukimmulika samaki na tochi kwa pembeni, hicho ni kimelea kingine. Uvimbe mmoja wenye sura ya koliflawa kwenye ukingo wa pezi husababishwa na kirusi, na huo dawa hizi hauzisikii.

Halafu kuna hili linalonichekesha kila mwaka. Goldifishi dume akifika wakati wa kupanda hutoka vipele vyeupe kwenye vifuniko vya matamvua na kwenye mwiba wa mbele wa mapezi ya kifuani. Vimepangika vizuri, mwilini kwingine hakuna kitu. Huyo haumwi, yuko kwenye mapenzi. Kuna watu wamewatibu madume wa namna hii wiki nzima, maskini.

Ugomvi ulioanzia kwenye mfuko wa plastiki

Niwape kisa cha wawili ninaowafahamu, kwa ruhusa yao, ila majina nayaacha. Mume anafanya kazi mgodini Kanda ya Ziwa, wiki sita kazini, wiki mbili nyumbani. Mke yuko benki hapa Dar. Tangi ni la mume tangu enzi za ubachela, la lita kama 145, samaki kumi ndani, na kila akipiga simu jioni swali la pili baada ya "umeshindaje" huwa "na wale wangu?" Shoga yangu huyu hakuwa mtu wa samaki, lakini alijifunza. Aliwalisha, akabadilisha maji, akampigia picha.

Likizo ya mume ilipokaribia akaamua kumfanyia sapraizi. Akapita dukani, akanunua samaki wanne wapya, wazuri kweli, akawamimina kwenye tangi siku hiyo hiyo. Siku ya nane wakaanza kujikuna. Mume alipofungua mlango na begi begani, tangi lilikuwa limeshachafuka madoa.

Akasema maneno ambayo naamini hakuyapima. "Yaani nikigeuka tu, kila kitu kinaharibika."

Shoga yangu hakujibu. Akaniambia baadaye kwamba hakusikia habari ya samaki pale. Alisikia habari ya nyumba, ya gari lililogongwa taa mwezi wa tatu, ya yule fundi wa bomba aliyewatapeli, vyote alivyovibeba peke yake wiki sita sita. Samaki walikuwa kisingizio tu.

Mume akanunua dawa, akaweka, siku ya tatu madoa yakaisha. Akafurahi, akaacha dawa, likizo yake ikaisha akarudi kazini. Siku mbili baada ya kuondoka madoa yakarudi mara mbili ya mwanzo. Asubuhi ile akafa samaki mkubwa kuliko wote, yule mwenye jina. Ndiyo siku niliyopigiwa simu. Shoga yangu analia, anasema atawatupa wote na tangi auze, akirudi asilikute.

Niliwaunganisha wote wawili kwenye simu, nikawaambia hayo niliyoyaandika pale juu. Kwamba wale wapya kweli walikuja na kimelea, lakini mwenye tangi hakumwambia mtu yeyote kwamba samaki mpya hutengwa kwanza. Kwamba madoa yalirudi kwa sababu dawa iliachwa siku ile ile ambayo ingefanya kazi zaidi. Kimya kikapita kidogo. Halafu mume akauliza, "Sasa tunaanzia wapi?" Akasema tunaanzia, hakusema unaanzia. Nilimsikia shoga yangu anavuta pumzi.

Wakagawana kazi. Yule wa mgodini akafanya hesabu na kuandika ratiba, huyu wa nyumbani akashika ndoo. Kati ya samaki kumi na wanne, sita walikufa. Wanane wapo mpaka leo.

Tiba yenyewe

Anza na hesabu, maana bila kujua lita utaua samaki kwa dawa kabla ya ugonjwa. Chukua futi, pima kwa sentimita urefu, upana na kimo cha maji yenyewe, si cha kioo. Zidisha vyote vitatu, gawa kwa 1,000, umepata lita. Tangi lenye urefu wa sentimita 100, upana 40 na maji ya kimo cha 40 ni lita 160. Toa kama sehemu moja ya kumi kwa ajili ya changarawe na mawe, unabaki na 145 hivi. Andika kwa kalamu ya wino mzito pembeni ya tangi, hutasumbuka tena.

Badilisha robo ya maji. Si kwa kuchota juu juu, bali kwa mpira wa kunyonya ukipita kwenye changarawe, kwa sababu yale maganda yenye mamia ya watoto yamelala huko chini. Kila uchafu unaounyonya ni vimelea umevifukuza nyumbani. Rudia kila siku au kila baada ya siku moja. Maji mapya ya bomba yakae kwenye ndoo wazi saa 24 ili klorini itoke, au tumia dawa ya kuondoa klorini. Yawe na joto linalokaribiana na la tangi.

Kisha joto. Wafugaji wengi hupandisha maji mpaka nyuzi 30 na kuyaacha hapo. Joto linakiharakisha kimelea kimalize mzunguko wake na kutoka kule kinakojificha, na kwenye nyuzi hizo uzazi wake unaanza kuvurugika. Zipo aina zilizozoea joto, kwa hiyo usitegemee joto peke yake. Panda polepole, nyuzi moja kila baada ya saa mbili tatu, ukiangalia kipimajoto na si kwa kukisia kwa kidole. Kwa Dar miezi ya joto maji yenyewe yako kwenye 28, hita haina kazi kubwa. Kwa Nairobi au Arusha mwezi wa saba, bila hita usijisumbue. Kumbuka tu kwamba maji ya moto yanashika hewa kidogo, na samaki mwenye matamvua yaliyoliwa anaihitaji zaidi. Ongeza pampu ya hewa, au shusha maji kidogo ili yale yanayotoka kwenye kichujio yaanguke kwa kishindo.

Halafu chumvi, ambayo ndiyo kipenzi changu. Gramu 2 kwa kila lita. Tangi letu la lita 145 linataka gramu 290, pima kwa mizani ya keki, si kwa kiganja. Chumvi ya kawaida ya jikoni inafaa, yale madini joto yaliyomo ni kidogo mno kumdhuru samaki. Iyeyushe kwanza kwenye ndoo, igawe mara tatu, mimina sehemu moja asubuhi, moja jioni, moja kesho yake. Usimwage chembe kavu kwenye tangi, samaki wa chini zitamuunguza.

Kosa la kawaida ni kuongeza chumvi yote upya kila ukibadilisha maji. Chumvi haikauki na kupotea hewani kama maji. Umetoa lita 36, rudishia chumvi ya lita 36, gramu 72, basi. Na wenzangu wa Dar mnaotumia maji ya kisima yenye ladha ya chumvi tayari, punguzeni. Mimea mingi ya tangini haipendi chumvi, na samaki wasio na magamba, wale wa ukoo wa kambare, huivumilia kidogo. Kwa hao anza na gramu 1 kwa lita, uwatazame. Goldifishi ni kinyume chake: chumvi anaimudu vizuri, joto kali ndilo linalomchosha. Kwake mimi huongeza chumvi hadi gramu 3 na joto naliacha chini ya 28.

Ukiamua kutumia dawa ya dukani, nyingi zina malakaiti ya kijani, au formalini, au vyote viwili. Zinafanya kazi, lakini ziheshimu. Malakaiti inashukiwa kusababisha saratani, na Ulaya na Marekani hairuhusiwi kwa samaki wa kuliwa. Vaa glavu, usimwage karibu na mtoto, na shati lako jeupe usilivae siku hiyo. Toa mkaa ulioko kwenye kichujio, la sivyo utainyonya dawa yote na pesa yako itakuwa imeenda na maji. Kwa samaki wasio na magamba wengi hutumia nusu ya kipimo, lakini fuata maelezo ya chupa. Dawa zenye shaba zinaua konokono na kamba wadogo, kama unao wahamishe. Na usichanganye dawa, chumvi na joto kali kwa mpigo ukidhani tatu ni bora kuliko moja. Formalini nayo inapunguza hewa kwenye maji. Chagua njia moja, uifuate.

Tibu tangi zima. Kumtoa mgonjwa mmoja kwenye beseni hakusaidii, kwa sababu mbegu zimeshamwagika kule alikotoka.

Na muda ni siku 14, usipunguze. Hata kama siku ya tatu wanang'aa kama wametoka saluni. Kama kidoa cha mwisho umekiona siku ya kumi, hesabu wiki nzima kuanzia hapo. Wale rafiki zangu walibandika karatasi kwenye kioo, tarehe zote 14, kila siku inatiwa alama na picha inapigwa inatumwa mgodini. Umeme ukikatika usiku katikati ya tiba, chota maji kwa jagi uyamimine tena kutoka juu, dakika chache kila baada ya nusu saa, hewa inaingia. Tangi lifunge kwa blanketi lisipoteze joto. Pampu ndogo ya betri si ghali ukilinganisha na usingizi wako.

Yale ya kuacha

Rangi mbili. Jamani, rangi mbili! Sijui nani aliwaambia watu kwamba kidonge cha tetrasaiklini kinatibu kila kitu kuanzia kidonda mpaka kuku. Kimelea hiki si bakteria, hakishughuliki na hiyo kabisa. Unachofanikiwa ni kudhuru bakteria wazuri wanaosafisha maji kwenye kichujio, kisha amonia inapanda, samaki wanakufa kwa sumu ya mkojo wao wenyewe.

La pili ni ule usemi kwamba waiti spoti iko kwenye kila maji, haiepukiki. Si kweli. Kimelea hiki hakiwezi kuishi bila samaki. Kinaingia na samaki mpya, na maji aliyokuja nayo, na mmea mbichi uliotoka kwenye tangi lenye ugonjwa, na wavu uliotumika huko na kuletwa huku ukiwa umelowa. Wavu ukianikwa juani ukakauka, kimekufa. Kinachochanganya watu ni kwamba samaki aliyepona hupata kinga, anaweza kubaki na vimelea vichache kwenye matamvua bila dalili yoyote. Siku akipata msukosuko, mnasema ugonjwa umetoka hewani.

Na msukosuko mkubwa wa mjini ni kiyoyozi. Mchana maji yako 29, usiku mnawasha kiyoyozi kwenye 18 kwa sababu mnaangalia muvi, na tangi liko chini yake. Samaki kwake hiyo ni kama kuogeshwa maji ya barafu kila usiku. Hamisha tangi au elekeza upepo kwingine.

Kuna wanaouliza kama ugonjwa huu unaambukiza watu. Hapana, kimelea hiki ni cha samaki tu. Nawa mikono kwa sabuni kama kawaida, na ukiwa na kidonda mkononi vaa glavu, maana tangi lina bakteria wengine. Waliokufa wazike au watupe kwenye taka. Walio hai usiwapeleke mtoni eti unawaachia huru, utakuwa umewapelekea samaki wa mtoni ugonjwa. Na kama wako ni samaki wa baharini wenye madoa, hicho ni kimelea kingine, Cryptocaryon irritans, na chumvi yangu hapa haitakusaidia kitu.

Samaki mpya

Kabla ya kununua, simama mbele ya tangi la duka dakika kumi. Usimwangalie yule mzuri unayemtaka, angalia tangi zima. Mmoja akijikuna, mmoja akihema juu, geuza. Muulize muuzaji wamefika lini. Samaki aliyefika jana ametoka safari ndefu ndani ya mfuko wa plastiki wenye hewa ya kupimiwa, kachoka, na uchovu huo ndio mlango wa kimelea. Mwambie utarudi wiki ijayo. (Nchi yetu imesafirisha samaki wa rangi wa Ziwa Tanganyika kwenda kwa Wazungu miaka mingi, wakina Tropheus na frontosa, halafu sisi tunanunua gapi waliofugwa Asia. Hiyo ni mada ya siku nyingine.)

Nyumbani muweke peke yake wiki tatu hadi nne. Si lazima tangi la pili la kioo. Shoga yangu anatumia beseni kubwa la plastiki lenye mfuniko, sponji ya kichujio, pampu ndogo na bomba fupi la plastiki la samaki kujificha, limekaa chini ya meza ya kulia. Lina wavu wake na kikombe chake, haviendi kwenye tangi kubwa. Maji ya mfuko wa dukani anayamwaga chooni, samaki anamtoa kwa wavu. Mimea mipya nayo inakaa kwenye ndoo isiyo na samaki wiki mbili kabla ya kupandwa.

Mara ya mwisho nilipopita kwao walikuwepo gapi watano kwenye beseni, siku ya kumi na moja. Mume alikuwa ametuma ujumbe kuuliza kama kuna anayejikuna. Mke alikuwa amepiga magoti na tochi ya simu, anawahesabia pumzi.